Kwa nini Mto Rufiji ulikaa bila daraja hadi mwaka 2003? Tujadili historia ya barabara na madaraja yetu

#1 MwanaIkwiriri

Wakuu, habari za jioni.

Wiki iliyopita nilipanda basi kutoka Dar es Salaam kwenda Lindi. Tulipofika katikati ya Daraja la Mkapa, lile linalovuka Mto Rufiji, kijana aliyekaa jirani yangu aliniuliza kama daraja lile lilijengwa na Mjerumani. Nilimjibu kwamba lilizinduliwa mwaka 2003, naye akakataa kuniamini, kwa sababu hakuona inawezekanaje nchi iliyopata uhuru mwaka 1961 ikakaa zaidi ya miaka arobaini huku barabara kuu ya kwenda kusini ikikatikia ukingoni mwa mto, na magari yote yakingoja pantoni ya Ndundu.

Nimebaki na swali lake hadi leo. Mimi ni mzaliwa wa huku, na nimekua nikisikia kila mzee akitoa sababu yake. Naomba wenye ufahamu watufafanulie: ni nini hasa kilichochelewesha daraja lile? Na kama mnayajua mambo mengine ya historia ya barabara na madaraja ya nchi yetu ambayo hayakufundishwa darasani, yawekeni hapa.

#2 Dereva Mstaafu

Mwanangu, umenikumbusha mbali. Miaka ya themanini niliendesha lori kupeleka saruji Lindi na kurudi na korosho. Kabla sijaingia kwenye sababu, nieleze jinsi kivuko kile kilivyokuwa, ili vijana wajue tunazungumzia kitu gani.

Ukifika Ndundu unakuta foleni, na cha kwanza unachouliza ni kama pantoni ni nzima. Ikiwa nzima, unaweza kuvuka siku hiyohiyo. Ikiwa mbovu, unatandika turubai chini ya lori na kuanza kuhesabu siku. Abiria wote walishuka kwenye basi na kuingia kwa miguu, kisha dereva akaliteremsha gari taratibu kwenye gati la udongo, magurudumu ya mbele yakagonga lile bamba la chuma, na tandiboi akakimbia na kabari zake za mti kuzipachika nyuma ya matairi kabla gari halijaanza kurudi nyuma. Hakuna dereva aliyezima injini kabla ya kusikia kabari zimeshika. Wakati wa masika gati lenyewe lilikuwa linameguka na kuhamahama, kwa hiyo mahali ulipopandia mwezi uliopita palikuwa maji matupu. Akina mama waliuza kambale wa kukaanga na maembe, na usiku mbu hawakumwacha mtu alale. Viboko tuliwasikia kila usiku.

Kwa hiyo mimi ninayeuliza ni kwa nini lilichelewa, nina haki ya kuuliza kwa uchungu.

#3 Fundi Nguzo

Shikamoo Mzee wangu Dereva, na asante kwa kumbukumbu hiyo.

Mimi kazi yangu ni madaraja, na kwa upande wangu jibu la kwanza limo ndani ya maelezo yako mwenyewe, pale uliposema gati lilikuwa linahamahama. Bonde la Rufiji linakusanya maji ya takribani sehemu moja ya tano ya Tanzania Bara. Kilombero na Luwegu zikikutana ndipo Rufiji inapozaliwa, halafu Ruaha Mkuu nao unaingia, na maji hayo yote yakishateremka kutoka nyanda za juu yanafika kwenye uwanda tambarare ambako mto haubanwi na mwamba wowote. Chini ni mchanga na tope. Mto wa namna hiyo hujichagulia njia upya baada ya kila gharika kubwa.

Mtu akiuliza kwa nini hatukuweka daraja pale miaka ya sitini, nami humwuliza: ungeliweka wapi? Ukijenga fupi, mto unalizunguka na kukuachia daraja juu ya nchi kavu. Ukijenga refu, unahitaji nguzo nyingi zilizozamishwa chini sana kwenye mchanga, pamoja na tuta refu la barabara pande zote mbili lenye matundu ya kupitisha maji. Daraja la Mkapa lina urefu wa mita 970, na urefu huo haukuwekwa kwa ajili ya kujionyesha; ndio upana ambao mto uliudai. Kwa nchi changa hilo lilikuwa deni zito, na hata lilipojengwa, fedha nyingi zilitoka kwa wakopeshaji wa nje, ukiwemo mfuko wa maendeleo wa Kuwait.

#4 Mwalimu wa Historia

> Fundi Nguzo aliandika: Kwa nchi changa hilo lilikuwa deni zito

Nakubali kuhusu mto, lakini naomba nitofautiane kuhusu chanzo. Ugumu wa mto ni sababu ya kuchelewa pale tu mtu anapokuwa ametaka kuvuka, na wakoloni hawakuwa na haja kubwa ya kuvuka hapo. Mjerumani aliweka mtaji wake kwenye reli, ya Tanga kwenda Moshi na ya Kati kutoka Dar es Salaam hadi Kigoma. Mwingereza alipokuja na ule mpango wake wa karanga wa mwaka 1947, Nachingwea ilikuwa mojawapo ya maeneo matatu yaliyochaguliwa, na badala ya kuiunganisha na Dar es Salaam kwa barabara alijenga reli kutoka Nachingwea kwenda baharini na bandari ya kina kirefu Mtwara. Karanga hazikustawi, mpango ukavunjwa mwaka 1951, na reli ile ikang'olewa mwanzoni mwa miaka ya sitini.

Tazameni basi tulichorithi: Jimbo la Kusini lililopangwa kutoa mazao yake kwa meli. Kwa mfanyabiashara wa Lindi, bahari ndiyo iliyokuwa barabara kuu, na Rufiji ilikuwa mpaka ambao hakuna aliyelipwa kuuvuka.

#5 Korosho Ghafi

Mimi ni mtu wa Newala na nitasema kwa kifupi. Kusini tulisahauliwa. Mito mikubwa ipo kila mahali nchini, na kwingine ilivukwa.

#6 Tunduma Moja

Ndugu Korosho, maumivu yako nayaelewa, lakini neno "tulisahauliwa" linaficha jambo ambalo lina tarehe kamili. Tarehe 11 Novemba 1965 Ian Smith alijitangazia uhuru wa Rhodesia, na Zambia, ambayo mafuta yake na shaba yake vilipita huko, ikajikuta imefungiwa mlango. Mzigo wote ukageukia Dar es Salaam. Malori yalibeba mapipa ya mafuta kwenda na shaba kurudi, katika barabara ya udongo iliyopita Morogoro, Mikumi, Mlima Kitonga, Iringa na Mbeya, na madereva wakaipa jina la mbio za jehanamu kwa jinsi watu walivyofia kwenye matope na miteremko.

Nchi ililazimika kuielekeza nguvu yake huko. Bomba la mafuta la TAZAMA lilikamilika mwaka 1968, barabara ikawekwa lami kwa fedha za Marekani, Benki ya Dunia na Sweden, na reli ya TAZARA ya kilomita 1,860 ikajengwa na Wachina kati ya mwaka 1970 na 1975. Vitu vitatu vikubwa katika njia moja, ndani ya miaka kumi! Baba yangu alifanya kazi katika barabara ile, na alikuwa akisema kwamba greda zuri likionekana popote nchini lilipelekwa huko. Kusini hakukusahauliwa, kulitanguliwa na dharura.

#7 Korosho Ghafi

Dharura iliyodumu hadi mwaka 2003?

#8 Askari wa Zamani

Kuna sababu ambayo bado haijatajwa. Kuanzia mwaka 1964 hadi 1974 ng'ambo ya Ruvuma kulikuwa na vita vya ukombozi wa Msumbiji, na Nachingwea kulikuwa na kambi kuu ya mafunzo ya FRELIMO. Mikoa ya kusini ilikuwa uwanja wa mbele, na tulipokuwa huko wapo wakubwa waliotuambia kwamba Rufiji isiyo na daraja ni ngome, kwa kuwa adui akivuka Ruvuma hatafika mbali. Mimi siyo mhandisi, nasema nilichoelezwa nikiwa kijana kikosini.

#9 Mwalimu wa Historia

Kwa heshima zote, Mzee Askari, hoja hiyo inanipa shida. Jeshi linalolinda mpaka wa kusini linahitaji kufikisha chakula na silaha upesi kuliko mtu mwingine yeyote, na mto huohuo unaomzuia adui ungeizuia na misafara yetu. Kama kweli iliaminiwa hivyo, basi iliaminiwa kwa sababu daraja lenyewe halikuwepo, watu wakaligeuza pengo kuwa ngao.

#10 Kyaka Kwetu

Mwalimu, usiipuuze hoja ya Mzee Askari haraka hivyo. Sisi wa Kagera tunajua maana ya daraja wakati wa vita. Majeshi ya Idi Amin yalipovamia mwishoni mwa Oktoba 1978, walijua kwamba jeshi letu lingerudi kwa kupitia Daraja la Kyaka. Ndege zao zilijaribu kulipiga zikashindwa, ndipo mwanzoni mwa Novemba wakaleta mtaalamu wa baruti kutoka migodi ya Kilembe kule Uganda, akazifunga baruti kwenye nguzo na kulilipua. Ardhi yote ya kaskazini ya mto wakaitangaza kuwa ni yao.

Haikusaidia. Wapiganaji wetu walivuka kwa njia nyingine, kisha wahandisi wa jeshi wakatandika daraja la Bailey, lile la vyuma vya kuunganishwa kwa pini, na vifaru vikapita. Bibi yangu alikuwa miongoni mwa waliorudi nyumbani kwa kulivuka, na mpaka anafariki alikuwa akiigiza kwa mdomo mlio wa mbao zake chini ya magari. Nilipokuwa mdogo nilidhani ni mlio wa ngoma.

#11 Ngara Mpakani

Kwa kuwa tumefika Kagera, lisiachwe Daraja la Rusumo. Lile la zamani, lenye upinde wa chuma juu ya maporomoko, lilikuwa jembamba hata malori mawili yasiweze kupishana. Juu ya wembamba ule, tarehe 28 na 29 Aprili 1994, takribani watu 250,000 walivuka kutoka Rwanda kuingia Ngara kwa muda wa saa ishirini na nne hivi. Nilikuwa na miaka tisa. Ninachokikumbuka ni miguu: tulikaa kwenye kilima, na kutoka pale juu huoni nyuso, unaona miguu na magodoro yaliyobebwa kichwani. Leo pana daraja jipya lililojengwa kwa msaada wa Japani, na malori yanapishana bila kusimama.

#12 Jiji Letu

Asanteni kwa uzi huu mzuri. Naomba kuongeza fahari ya kusini: Daraja la Mkapa ndilo refu kuliko yote Tanzania. Na kuhusu Mjerumani, yule kijana wa kwenye basi angeuliza kuhusu Daraja la Salenda pale Dar es Salaam, maana Salenda alikuwa mhandisi wa Kijerumani.

#13 Mpimaji Ramani

Ndugu Jiji Letu, yote mawili yanahitaji kusahihishwa.

Daraja la Mkapa liliongoza kwa miaka mingi, ila mwaka 2022 lilipitwa na Daraja la Tanzanite, ambalo sehemu yake ya juu ya bahari ina kilomita moja na ushei, na Juni 2025 likafunguliwa Daraja la Kigongo–Busisi kule Mwanza lenye urefu wa kilomita tatu.

Kuhusu Salenda, jina lake ni John Einar Selander, aliyekuwa mkurugenzi wa kwanza wa kazi za umma wa Tanganyika chini ya Mwingereza, na daraja lilijengwa mwaka 1929, wakati Mjerumani ameshaondoka kwa zaidi ya miaka kumi. Ulimi wetu umelifanya jina kuwa Salenda, na magazeti yakaliandika kila namna.

#14 Voi Hadi Taveta

Salamu kutoka Kenya. Mkizungumzia majina, huku kwetu kuna mji mdogo kwenye barabara ya Mombasa–Nairobi unaoitwa Mackinnon Road. Nimesoma mahali kwamba barabara ya Mackinnon ilianzia Dar es Salaam. Inawezekanaje ianzie kwenu na mji uwe kwetu?

#15 Mwalimu wa Historia

Ni barabara mbili za mtu mmoja. William Mackinnon, tajiri wa meli kutoka Uskoti, alishirikiana na Mwingereza aitwaye Buxton mwaka 1877 kuanza kuchimba barabara kutoka Dar es Salaam, wakiwa na nia ya kufika Ziwa Nyasa. Ilifika maili sabini na ushei ndani ya bara, na mwaka 1881 ikaachwa, kwa kuwa ng'ombe waliotegemewa kuvuta mikokoteni waliuawa na ugonjwa wa mbung'o. Ile ya kwenu ilianzishwa mwaka 1890 na kampuni yake kutoka Mombasa kuelekea Busia, na reli ilipokuja ikaimeza. Jina likabaki kwenye kituo.

Naona hapa tumepata sababu nyingine ya kuiongeza kwenye swali la mwanzo, yaani mbung'o. Sehemu kubwa ya kusini ilikuwa na mbung'o, na mahali ambapo mnyama wa kukokota hawezi kuishi, mkokoteni hauchongi njia. Ni mpagazi tu anayepita, na mpagazi huvuka mto kwa mtumbwi.

#16 Fundi Nguzo

Hiyo ya mbung'o sikuwahi kuifikiria. Lakini mbung'o walikuwepo pia Mikumi, na Mikumi ilipata lami.

#17 Kaloleni A Town

Ninyi bishaneni kuhusu kusini, sisi Arusha tuna Mnara wa Saa ulio nusu ya njia kati ya Cape Town na Cairo. Nani ana alama kama hiyo?

#18 Mpimaji Ramani

Kaka Kaloleni, usinichukie. Nimekaa na mahesabu jioni hii. Ukichora mstari mfupi kuliko yote kati ya Cape Town na Cairo, nusu yake inaangukia mashariki mwa Kongo, si mbali sana na Kindu, mahali ambapo angalau wanazungumza Kiswahili. Hata hivyo nikikupimia umbali wa moja kwa moja, Arusha iko kama kilomita 3,750 kutoka Cairo na 3,900 kutoka Cape Town, kwa hiyo waliosimulia hivyo hawakukosea kwa mbali. Kwa njia ya barabara inategemea umepita wapi, na hapo kila dereva ana jibu lake.

Ila ukumbuke kwamba ile Barabara Kuu ya Kaskazini, iliyokusudiwa kuunganisha Cape Town na Cairo, ilipita Dodoma, Kondoa na Babati, na kipande hicho cha kilomita 251 kilizinduliwa kikiwa na lami mwaka 2018. Hata njia iliyobeba ndoto ya bara zima ilisubiri miaka kumi na mitano zaidi ya Daraja la Mkapa.

#19 Kaloleni A Town

Sijakuchukia, ila Kindu siwapi mnara.

#20 Mama Kilombero

Nimesoma kuanzia mwanzo na naona swali limebadilika bila sisi kujua. Tunauliza kwa nini Rufiji ilichelewa kana kwamba ilikuwa peke yake. Sisi tunaoishi Ulanga tulivuka Kilombero kwa pantoni hadi mwaka 2018, lilipozinduliwa daraja la mita 384, na maji yale ndiyo yanayoshuka kuwa Rufiji yenu. Januari 2016 kivuko chetu kilipinduka na watu walipotea. Mume wa dada yangu alikuwa avuke siku ile, akachelewa kwa sababu ya pancha. Watu wa Sengerema walisubiri mpaka 2025. Kwenye Ruvuma, Daraja la Umoja la Mtambaswala lilizinduliwa mwaka 2010, ingawa Mwalimu Nyerere na Samora Machel walilizungumza tangu miaka ya sabini.

Kwa maoni yangu pantoni yenyewe ndiyo sababu. Ikiwapo, hata ikiwa mbovu, viongozi huandika kwamba mto unavukika, na mahali pengine pasipovukika kabisa panatangulia.

#21 Korosho Ghafi

Dada yangu Mama Kilombero, hoja yako ndiyo ya kwanza hapa iliyonigusa. Bado naongeza moja: daraja lilikuja wakati Rais alikuwa Benjamin Mkapa, mzaliwa wa Masasi. Mtu aliyeivuka Ndundu mwenyewe hahitaji kuandikiwa ripoti.

#22 Fundi Nguzo

Inawezekana. Lakini Mzee Mkapa aliingia madarakani mwaka 1995, na daraja likafunguliwa miaka minane baadaye. Kuchunguza udongo, kusanifu, kutafuta fedha na kumpata mkandarasi kunachukua miaka, kwa hiyo sioni kama nia ya mtu mmoja inatosha, japo sikatai kwamba iliharakisha.

#23 Dereva Mstaafu

Nimewasoma wote, na nataka kusema jambo ambalo dereva hulijua kabla ya mhandisi. Mwaka 2003 lilijengwa daraja, haikujengwa barabara. Ukishuka upande wa kusini ulikuwa unakutana na vumbi na matope ya Ndundu hadi Somanga, kilomita 60 hivi, na kipande hicho kiliendelea kutuvunjia springi kwa miaka mingi baada ya uzinduzi. Wakati wa masika tulivuka mto kwa dakika mbili tukalala njiani siku mbili. Kwa hiyo anayeuliza kwa nini kusini kulifunguka mwaka 2003 anauliza mwaka usio wenyewe.

#24 MwanaIkwiriri

Asanteni sana, wakuu. Nimehesabu sababu saba na sijui niende na ipi. Mzee Dereva umeniongezea ya nane.

Kuna jambo niliona katika safari ileile ambalo sikuliandika mwanzoni. Mei 2024, mvua za kimbunga Hidaya zilipoikata barabara ya Dar es Salaam–Lindi, Daraja la Mkapa halikutikisika. Kilichoondoka ni madaraja madogo na makalavati ya upande wa Somanga, yale ambayo basi huyapita bila abiria kujua kwamba amevuka kitu. Tulipofika hapo kijana yule alikuwa amelala. Chini ya barabara bado kulikuwa na kipande cha bomba la zege kimelala kwenye mchanga, mdomo wake umeelekea baharini, na watoto wawili walikuwa wameketi ndani yake wakikwepa jua.

#25 Fundi Nguzo

Mkuu, uliliona upande gani wa barabara? Kama lilikuwa upande wa bahari basi maji yalilisukuma kutoka juu, na ningependa kujua lilikuwa umbali gani kutoka lilipozikwa. Mwenye kupita huko wiki hii atupimie kwa hatua.